Bibi wa Mkarafuu: Bustani ya Pamplemousses na Visiwa Vyetu

Msimu wa karafuu unapoingia, Pemba hubadilika sura. Mbele ya nyumba hutandikwa majamvi, na juu yake huanikwa karafuu mbichi zenye rangi ya kijani iliyochanganyika na wekundu, zikageuka hudhurungi siku baada ya siku kwa nguvu ya jua. Jioni jamaa hukaa pamoja wakachambua, karafuu huku, makonyo kule, na mazungumzo hayakatiki hadi usiku unapoingia. Harufu yake humpokea mgeni kabla hajateremka chomboni.

Kwa ajili ya harufu hiyo, washairi wetu wameufanya mkarafuu kuwa mwenyeji wa tangu na tangu. Katika tungo zao karafuu ni mpenzi, ni heshima ya nyumba, ni nembo ya kisiwa. Na msikilizaji huona kama kwamba Mwenyezi Mungu aliiumba Pemba na mikarafuu yake siku moja. Lakini mkarafuu ni mgeni kwetu, na ugeni wake hauzidi sana miaka mia mbili. Minazi ilitutangulia, na maembe yalitutangulia. Mkarafuu ulikuja baadaye, na kabla ya kufika hapa ulipita katika bustani moja iliyopo kisiwani Morisi, mahali paitwapo Pamplemousses. Ni bustani hiyo ninayotaka kuisimulia, kwani historia yake ni nusu ya historia yetu, na nusu hiyo aghalabu huachwa nje ya hadithi.

Maskani ya asili ya mkarafuu ni visiwa vitano vidogo vya Maluku ya Kaskazini, katika Indonesia ya leo: Ternate, Tidore, Moti, Makian na Bacan. Kwa karne nyingi karafuu ilisafiri kutoka huko kwa majahazi ya Wajava, Wahindi na Waarabu, ikauzwa Kairo na Venezia, na wanunuzi wa mwisho hawakujua hata mti wake unafananaje. Waholanzi walipoiteka ngome ya Ambon mwaka 1605, walikusudia kuifanya karafuu kuwa mali yao peke yao. Tangu miaka ya 1650 Kampuni yao ya Mashariki ya Hindi iliamua kwamba mikarafuu ioteshwe Ambon na visiwa vya jirani yake tu, na kwengineko kote ing'olewe. Wakawa wanapeleka misafara ya mashua zenye askari kukata miti visiwani, na aliyekamatwa akiuza mbegu au mche kwa siri aliweza kupoteza roho yake.

Maumbile yenyewe yaliwasaidia Waholanzi. Mbegu ya mkarafuu haihifadhiki. Si kama mchele au kunde, ambazo mtu huweza kuzitia kibwetani akavuka nazo bahari akazipanda mwakani. Mbegu ya mkarafuu ikikauka hufa, na uhai wake nje ya tunda ni wa siku chache tu. Aliyetaka kuuhamisha mti huo ilimbidi achukue mbegu zilizokwisha chipua, au miche iliyo katika udongo, aitilie maji matamu yaliyo adimu chomboni, aikinge na chumvi ya bahari, kisha aifikishe mahali penye kivuli, maji na mtu wa kuilea. Kwa hiyo haikutosha kuiba. Palihitajika kitalu cha kuipokea, na kwa sababu hiyo bustani ya mimea ikawa na umuhimu uliolingana na ule wa ngome.

Morisi wakati huo iliitwa Île de France, nayo ilikuwa chini ya Wafaransa. Mwaka 1735 gavana wao, Mahé de La Bourdonnais, alijipatia shamba liitwalo Mon Plaisir katika wilaya ya Pamplemousses, akalifanya bustani ya mboga na matunda ya kulisha nyumba yake na merikebu zilizotia nanga Port Louis. Jina la wilaya, kwa Kifaransa, ni jina la tunda tunalolijua sisi kuwa ni balungi. Bustani hiyo ya mboga ilingojea zaidi ya miaka thelathini kabla ya kumpata mtu aliyeibadilisha hatima yake.

Mtu huyo ni Pierre Poivre, mzaliwa wa Lyon wa mwaka 1719. Jina lake la ukoo kwa Kifaransa lina maana ya pilipili, na labda hakuna mtu aliyestahiki jina lake kuliko yeye. Alitoka ujanani kwenda China na nchi za jirani pamoja na wamisionari. Mwaka 1745, akiwa safarini kurudi kwao, merikebu yake ilishambuliwa na Waingereza, na kombora likamkata mkono wa kulia. Akapelekwa Batavia, mji mkuu wa Waholanzi wa huko mashariki. Na kule, akiuguza jeraha, ndiko alikojifunza jinsi biashara ya karafuu na kungumanga ilivyolindwa. Hakulisahau somo hilo. Katika miaka ya 1750 alijaribu kuleta miche Île de France, ikafa. Mwaka 1767 alirudi kisiwani akiwa na cheo kikubwa cha msimamizi wa mfalme, na safari hii alikuwa na merikebu na fedha.

Hakwenda Maluku mwenyewe. Alimtuma mtu wake, Provost, pamoja na manahodha wawili wa merikebu Vigilant na Étoile du Matin. Hawakuthubutu kuingia Ambon. Walizungukazunguka pembezoni mwa himaya ya Waholanzi hadi wakapata msaada katika kisiwa cha Gebe na kwa watu wa Patani, waliokuwa wamechoshwa na kukatiwa miti yao. Hao ndio waliowapa miche. Mwezi Juni 1770 merikebu zilirejea Port Louis zikiwa na mikungumanga mia kadhaa na mikarafuu michache, isiyofika mia. Msafara wa pili ulileta mingine mwaka 1772. Poivre alikuwa amekwisha kuinunua Mon Plaisir kwa mali yake, na huko Pamplemousses ndiko alikoiweka amana yake. Alipoondoka mwaka huo wa 1772 aliiuza bustani kwa mfalme wa Ufaransa. Kuanzia mwaka 1775 hadi kufa kwake mwaka 1810 ilisimamiwa na Jean-Nicolas Céré, na chini ya mkono wake ikasifika kote Ulaya.

Hapa, msomaji, hapana budi tusimame kidogo. Vitabu vingi vikifika mahali hapa huingia katika sifa: ushujaa wa Poivre, subira ya Céré, uzuri wa vijia vya bustani. Sifa hizo si za uwongo. Poivre alikuwa miongoni mwa watawala wa mwanzo waliotunga sheria za kuihifadhi misitu kisiwani humo, na katika maandishi yake alishikilia kwamba ardhi inayolimwa na watu huru huzaa zaidi kuliko inayolimwa na watumwa. Lakini kisiwa alichokitawala kilikuwa na watumwa zaidi ya robo tatu ya watu wake, na bustani ya mfalme ililimwa na watumwa wa mfalme. Mikono iliyomwagilia mikarafuu ile ya kwanza haikuwa ya Poivre.

Mikono hiyo ilitoka wapi? Wengi walitoka Bukini, baadhi India, na wengine, waliozidi kuongezeka mwaka hata mwaka, walitoka pwani hii yetu. Mwaka 1776 ni mwaka wa kukumbukwa kwa mambo mawili. La kwanza, mikarafuu ya Île de France ilizaa kwa mara ya kwanza, na habari hizo zikapelekwa Ufaransa kwa furaha kubwa. La pili, tarehe 14 Septemba mwaka huo huo, Sultani wa Kilwa, Hassan bin Ibrahim, alitia mkono mkataba na mfanyabiashara Mfaransa aitwaye Jean-Vincent Morice. Kwa mkataba ule Morice aliruhusiwa kununua Kilwa watumwa elfu moja kila mwaka, kwa riale ishirini kila mmoja, ili awapeleke katika visiwa vya Wafaransa.

Hakuna hati inayoyaunganisha mambo hayo mawili, wala sidai kwamba Céré na Morice walikula njama. Nasema tu kwamba bahari ni ile ile na mwaka ni ule ule. Visiwa vya Wafaransa vilipata mti kutoka mashariki na watu kutoka magharibi, na kimoja bila ya kingine kisingefaa kitu. Watu wa kutoka pande zetu waliitwa huko kwa jina moja la jumla, Msumbiji, awe Mmakua, Myao au Mngindo; na majina waliyopewa na mama zao yaliachwa ufukweni.

Kutoka Pamplemousses mkarafuu ulitawanyika. Ulipelekwa Bourbon, kisiwa kinachoitwa leo Réunion, na ng'ambo ya bahari hadi Cayenne katika Amerika ya Kusini. Ulipelekwa pia Shelisheli, ambako bustani ya mfalme ilianzishwa kisiwani Mahé mwaka 1772. Kisa cha bustani hiyo ya Mahé ni cha kuhuzunisha na kuchekesha kwa pamoja. Mwaka 1780 ilionekana merikebu ikija, na walinzi wakadhani ni ya Waingereza. Kwa kuchelea viungo visiangukie mikononi mwa adui, waliitia moto bustani. Merikebu ilipotia nanga, kumbe ni ya Wafaransa wenzao.

Lakini Île de France yenyewe haikuwa makao mema kwa mti huo. Visiwa hivyo vimo katika njia ya tufani, na mkarafuu, wenye matawi mepesi kuvunjika, hauwezi kushindana na tufani. Tufani za mwaka 1806 na 1807 ziliivunjavunja mikarafuu ya Bourbon. Mwaka 1810 Waingereza waliiteka Île de France, wakairudishia jina lake la kale, Mauritius. Muda si mrefu muwa ukaenea kila mahali, kwani muwa hulala chini upepo ukipita kisha ukainuka. Mti uliotafutwa kwa miaka ishirini na mitano, ukagharimu merikebu na roho, ukabaki huko kuwa pambo la bustani. Ulihitaji visiwa vyenye mvua nyingi, joto la kudumu na upepo wa wastani, karibu zaidi na mstari wa ikweta. Ulivihitaji visiwa vyetu.

Aliyeuleta, kwa kauli iliyokubaliwa na wengi, ni Saleh bin Haramil al-Abray, Mwarabu wa Omani aliyekuwa na urafiki na Wafaransa na aliyefanya biashara nao. Biashara yenyewe ilikuwa ya watumwa. Kati ya mwaka 1812 na 1818 alipanda mikarafuu Mtoni na Kizimbani, kisiwani Unguja. Tazama, basi, njia yalivyozunguka mambo: chombo kilichopeleka watu kusini kikarudi na mche. Baadaye Seyyid Said bin Sultan alimnyang'anya Saleh mashamba yake, na kosa alilohesabiwa ni kuendelea kuwauzia Wafaransa watumwa baada ya mkataba wa mwaka 1822, ambao Waingereza walimfunga nao Seyyid asiruhusu watumwa kuuzwa kwa mataifa ya Kikristo. Mwaka 1835 mgeni Mmarekani, daktari Ruschenberger, aliitembelea Kizimbani akakuta mikarafuu ipatayo elfu nne.

Mkataba huo wa 1822 ulikusudiwa kupunguza utumwa, na matokeo yake yanafaa kutafakariwa sana. Mwanahistoria Abdul Sheriff, katika kitabu chake cha mwaka 1987 juu ya watumwa, viungo na pembe za ndovu, ameonyesha kwamba soko la kusini lilipobanwa, mtaji na watumwa wa pwani viligeukia ndani, kwenye mashamba ya karafuu. Watu ambao wangepelekwa Morisi na Bourbon kulima kwa ajili ya Wafaransa walibakizwa Unguja na Pemba kulima kwa ajili ya matajiri wa hapa. Inasimuliwa kwamba Seyyid Said aliwaamuru wenye ardhi wapande mikarafuu mitatu kwa kila mnazi mmoja, na asiyetii apokonywe shamba. Kufikia katikati ya karne ile hapakuwa na nchi duniani iliyoishinda Zanzibar kwa karafuu.

Yafaa kukumbuka ni kazi ya namna gani. Karafuu ni chipukizi la ua. Lazima lichumwe kabla halijafunguka, kwani likichanua thamani yake huondoka. Vishada havikomai pamoja, na kwa hiyo mchumaji huurudia mti ule ule mara kadhaa katika msimu. Mti ni mrefu na matawi yake huvunjika ghafla, na mpaka leo hakuna msimu unaopita bila ya watu kuanguka. Kisha kuna kuchambua, kuanika, na kukimbilia kuanua mawingu yanapojikusanya. Mashine haikupatikana ya kuyafanya hayo kwa ukamilifu wa vidole vya binadamu. Mti wa namna hii hudai watu wengi kwa wakati mmoja, na katika karne ile jibu la dai hilo lilikuwa soko la Mkunazini.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi. Tarehe 15 Aprili 1872 tufani, iliyokuwa nadra sana katika pande zetu, iliipiga Unguja ikaangusha sehemu kubwa ya mikarafuu yake. Pemba ikasalimika, na tangu hapo utawala wa karafuu ukahamia Pemba. Mwaka 1873 Seyyid Barghash alilazimishwa kulifunga soko la watumwa, na mwaka 1897 utumwa ulifutwa kisheria. Wachumaji wakawa watu wa ujira, lakini mashamba yakabaki kwa wenyewe hadi Mapinduzi ya 1964, yalipotwaliwa na wakulima wakagawiwa ekari tatu tatu. Ugomvi uliozaa siku zile ulikuwa na mizizi mingi, na mmojawapo ulishuka moja kwa moja hadi chini ya mkarafuu.

Hata historia ina mzaha wake. Katika karne ya ishirini mnunuzi mkubwa kuliko wote wa karafuu zetu alikuwa Indonesia, nchi ya asili ya mti wenyewe, kwa kuwa watu wake walipenda sigara zilizochanganywa na karafuu, na yao haikuwatosha. Halafu walipanda mikarafuu kwa wingi, na kufikia miaka ya 1980 wakajitosheleza. Bei ikaanguka, na wengi Pemba wakaonja dhiki ya kuutegemea mti mmoja. Mti uliotoroshwa Maluku ukafika kwetu, ukarudi kuuzwa Maluku, kisha Maluku ikaufungia mlango.

Na bustani je? Bado ipo, na bado ni nzuri. Baada ya kupuuzwa kwa miaka chini ya Waingereza, ilifufuliwa tangu mwaka 1849 na mtunzaji aitwaye James Duncan. Wageni huenda kutazama mayungiyungi makubwa ya Amazon, yenye majani mapana kama sinia za harusi yaliyolala juu ya maji, na mitende ya talipoti inayochanua mara moja tu baada ya miongo kadhaa, kisha ikafa. Mwaka 1988 ilipewa jina la Sir Seewoosagur Ramgoolam, waziri mkuu wa kwanza wa Morisi huru, ambaye baba yake alitoka Bihar kuja kufanya kazi ya mkataba. Hilo ni badiliko la haki: bustani ya mfalme imebeba jina la mtoto wa kibarua.

Wapenzi wa fasihi wanayo sababu yao ya pekee ya kuikumbuka wilaya hiyo. Bernardin de Saint-Pierre aliishi kisiwani humo tangu mwaka 1768 hadi 1770, akarudi kwao akaandika kwa uchungu juu ya mateso ya watumwa aliyoyaona. Lakini kilichompatia umaarufu ni riwaya yake ya mapenzi ya mwaka 1788, Paul et Virginie, ambayo Pamplemousses imo ndani yake. Wasomaji waliililia Virginie kwa vizazi. Ushahidi wake juu ya watumwa haukuwaliza wengi hivyo. Nasi tusijione bora. Tungo zetu ngapi zimeisifu harufu ya karafuu, na ngapi zimemtaja aliyekwea?

Ndani ya bustani ipo nguzo ya mawe iliyosimamishwa katika karne ya kumi na tisa. Imechongwa majina ya watu walioleta kisiwani mimea yenye manufaa, pamoja na maneno ya huyo huyo Bernardin yanayolitukuza tendo la kumpa mtu mmea wa faida. Ni wazo jema, na majina yale yanastahiki kuwepo. Lakini nguzo ile iliwekwa kwa ajili ya walioleta, si kwa ajili ya waliopanda. Watu wa Gebe na Patani waliotoa miche kwa hatari ya maisha yao, mtu wa Kilwa aliyebeba ndoo ya maji asubuhi na jioni mpaka mche ukashika: hawa ndio bibi na babu wa mkarafuu wetu sawasawa na Poivre.

Sisemi kwamba mti una dhambi. Mkarafuu haukumtuma mtu kununua mtu, na leo unawasomesha watoto wa Pemba na kuwajengea wazazi wao nyumba. Nasema kwamba mti hauhami peke yake. Huhama na maarifa yake, na bei yake, na namna yake ya kuwatumikisha watu. Na anayeupokea mche bila ya kuuliza ulilelewa na nani huyapokea yote. Sisi hatukuuliza, au waliouliza hawakusikilizwa.

Nguzo ya kwetu hatunayo, na pengine hatuhitaji mawe. Tunao ushairi, ambao pwani hii umehifadhi kesi, vita, nasaba na mapenzi kwa muda mrefu kuliko jiwe lolote la Pamplemousses. Msimu mwingine majamvi yatakapotandikwa, na mshairi akakaa barazani kuitafutia vina harufu ile, asiikatae. Ni harufu njema, nayo ni yetu sasa. Lakini katika ubeti mmoja, japo wa mwisho, amkumbuke yule wa Kilwa aliyevushwa bahari mwaka ambao mti ulizaa kwa mara ya kwanza, akaufahamu mkarafuu kabla yetu sote, na hakurudi kutusimulia.